Kisa cha Bosambo: mwigizaji, filamu ya 1935 na mkasi wa watu wengine

Hapa Goma kijana anayejua kuigiza hakosi kazi ya kufa. Timu ya filamu ikitua kutoka ng'ambo, au shirika likitaka filamu fupi ya uhamasishaji, nafasi zinajulikana hata kabla ya kutangazwa: mwasi mwenye bunduki, mama wa kambi ya wakimbizi, mjane anayelia, mtoto aliyeokolewa. Mmoja wa vijana tunaofanya nao mazoezi mtaani Ndosho alitoa utani wake siku moja: "Muzee, miye nilisha kufaka mu mafilme mara ine, lakini ata siku moya siyaowa." Wenzake wakacheka. Halafu akaleta swali ambalo halikuwa la mzaha. Akiipokea nafasi, akaicheza vizuri, kisha filamu ikatoka inasema jambo asilolikubali kabisa, lawama ni ya nani?

Kisa ninachokitumia kulijibu kimepita umri wa miaka 90. Kilitokea Uingereza, na mhusika wake ni Mmarekani Mweusi, Paul Robeson, mmoja wa watu wa kwanza weusi kuwa nyota wa jukwaa na wa sinema kwa wakati mmoja, akitafutwa London na New York. Nimemchagua kwa sababu ni vigumu kumtetea kwa visingizio vya kawaida. Hakuwa mjinga. Hakuwa na njaa. Hakuwa mtu asiyejali Afrika. Na bado ilimtokea.

Robeson alizaliwa tarehe 9 Aprili 1898 Princeton, katika jimbo la New Jersey. Baba yake alizaliwa mtumwa huko North Carolina, akatoroka angali kijana, akasoma, akawa mchungaji. Mama yake alifariki 1904 kwa ajali ya moto nyumbani, Paul akiwa na miaka 6 hivi. Mwaka 1915 alipata ufadhili wa kusoma chuo cha Rutgers, ambako wanafunzi weusi walikuwa wa kuhesabika kwa vidole. Alitoka huko 1919 akiwa ameteuliwa mara 2 katika timu bora ya taifa ya mpira wa miguu wa Kimarekani, na akiwa ndiye mwanafunzi aliyechaguliwa kuhutubia mahafali. Akasomea sheria Columbia, akahitimu 1923, akaajiriwa katika ofisi ya mawakili. Karani mmoja wa kizungu alipokataa kuandika barua aliyosomewa na mtu mweusi, Robeson aliiacha ofisi na uwakili wenyewe.

Weka alama kwenye jambo hilo la sheria. Mtu huyu alijua kusoma mkataba.

Jukwaani alipanda haraka. Mwaka 1924 alicheza tamthilia mbili za Eugene O'Neill pale Provincetown Playhouse, New York. Mwaka uliofuata akatokea katika filamu yake ya kwanza, *Body and Soul*, ya Oscar Micheaux, mwongozaji mweusi aliyetengeneza sinema kwa ajili ya watazamaji weusi. Mwaka 1928 London nzima ilimjua kwa sauti yake nzito katika tamthilia ya muziki *Show Boat*. Mwaka 1930 akamcheza Othello wa Shakespeare pale Savoy Theatre, London, pamoja na Peggy Ashcroft. Mke wake, Eslanda Goode, aliyesomea kemia, ndiye aliyekuwa akisimamia kazi zake, na kwa kweli alikuwa na jicho kali la biashara kuliko yeye. Walikaa Uingereza miaka mingi, maana kule mtu mweusi maarufu aliweza angalau kuingia hotelini kwa mlango wa mbele, ingawa si kila hoteli.

Sasa tufike mahali panapotugusa sisi. Katika miaka ya 1933 na 1934 Robeson alishikwa na kiu ya Afrika. London ilikuwa imejaa wanafunzi kutoka Afrika Magharibi na Mashariki, akakaa nao, akasikiliza. Akajiandikisha kusoma lugha za Kiafrika katika chuo cha lugha za mashariki cha London, na miongoni mwa lugha alizojifunza kilikuwamo Kiswahili. Mwaka 1934 alichapisha insha iliyosema waziwazi kwamba anataka kuwa Mwafrika. Leo sentensi kama hiyo ingechekwa kidogo, tena hapa mtaani Birere wangeicheka sana. Lakini mwaka ule, kwa mtu aliyelelewa katika nchi ambamo hata watu weusi wengi walifundishwa kuionea Afrika aibu, ilikuwa hatua kubwa. Alikuwa akitafuta mahali pa kuiweka sauti yake.

Ndipo ndugu wawili wa Korda, wenye asili ya Hungary, wakamfikia. Alexander alikuwa mtayarishaji mwenye kampuni ya London Films, na Zoltan alikuwa mwongozaji. Zoltan alikuwa amezunguka Afrika kwa miezi kadhaa na kamera, akirekodi ngoma, nyimbo, mitumbwi, wapiga makasia. Robeson alipooneshwa na kusikilizishwa alichorekodi, alivutika sana. Akaona hapo ndipo dunia itakapoiona Afrika yenye muziki wake, heshima yake na utaratibu wake. Akakubali nafasi ya Bosambo katika filamu ya *Sanders of the River*.

Chanzo cha hadithi hiyo kinapaswa kumfanya Mkongomani ainue kichwa. Filamu ilitokana na hadithi za Edgar Wallace, mwandishi Mwingereza. Mwaka 1907 gazeti lake lilimtuma Kongo kuandika juu ya ukatili wa utawala wa Leopold, mfalme wa Ubelgiji: raba, viboko, mikono iliyokatwa. Alirudi na mandhari ya mto mkubwa kichwani, na miaka michache baadaye akaanza kuchapisha hadithi za kamishna Sanders anayetawala makabila ya mto kwa meli yake. Meli hiyo katika hadithi inaitwa Zaire. Kwa hiyo mtu aliyetumwa kushuhudia ukatili wa wazungu mtoni alitoka huko na hadithi ya mzungu mmoja mwema anayewatuliza watu weusi. Filamu ikalihamishia jambo lote Nigeria, kwenye himaya ya Waingereza wenyewe. Kongo ikabaki kwenye jina la wimbo mmoja tu, "Congo Lullaby", uliotungwa na Mischa Spoliansky, mwanamuziki mzaliwa wa Białystok aliyeikimbia Ujerumani mwaka 1933 Hitler alipoingia madarakani. Siulaumu wimbo. Ni mtamu, na mtu aliyekimbia kwao ana haki ya kutunga wimbo wa kubembeleza mtoto. Lakini Kongo hiyo sijawahi kuiona.

Robeson hakuja Afrika kupigiwa picha. Kijiji kilijengwa karibu na studio za Shepperton, kando ya mto Thames. Watu wa umati, wale ambao sisi tungewaita figira, walikusanywa kutoka bandari za Uingereza: mabaharia na wapakuaji wa Cardiff, Liverpool na London, pamoja na wanafunzi wachache Waafrika. Mmoja wa wanafunzi hao, aliyevalishwa kuwa chifu mdogo, alikuwa Jomo Kenyatta. Wakati huo Kenyatta alikuwa London bila fedha za kutosha, akiuza ujuzi wake wa Kikikuyu kwa wanaisimu wa University College, na baadaye akisoma anthropolojia kwa Malinowski. Kitabu chake juu ya Wakikuyu kilitoka 1938, na urais wa Kenya ulikuja mwaka 1964. Picha yake akiwa pale kijijini pa bandia inajulikana. Nitamrudia.

Filamu ilizinduliwa London mwaka 1935. Kisa chake ni hiki: Bosambo ni mhalifu mdogo mtoro anayejifanya chifu. Kamishna Sanders anajua ukweli wake, anamtazama, anamkubali, anamwidhinisha. Sanders anapoondoka likizo kwenda kuoa, wafanyabiashara wa pombe na bunduki wanatangaza kwamba amekufa na sheria imekufa naye. Mto unaingia vitani. Mfalme mbaya Mofolaba anamteka Lilongo, mke wa Bosambo, aliyechezwa na Nina Mae McKinney. Bosambo anakwenda kumwokoa, naye anakamatwa. Sanders anarudi na meli na bunduki za rashasha, anaokoa wote, na mwishowe Bosambo anapewa ufalme wa mto, chini ya kivuli cha Sanders. Kabla ya picha ya kwanza kuna maandishi yanayowasifu wazungu wachache wanaolinda amani ya mfalme wa Uingereza katika Afrika.

Filamu ilifanikiwa kibiashara. Marcus Garvey, mwanaharakati wa watu weusi kutoka Jamaika aliyekuwa akiishi London wakati huo, alimshambulia Robeson katika gazeti lake *The Black Man*, akimtuhumu kwamba anaitumia akili yake kuudhalilisha uso wa watu weusi. Naye Robeson, baada ya kuiona kazi yote, alikasirika. Maelezo aliyoyatoa baadaye yanasema kwamba mwelekeo wa kuusifu ukoloni uliingizwa katika siku za mwisho za kupiga picha na wakati wa kuhariri, na kwamba alichokiona kwenye pazia hakikuwa kile alichokubali kukicheza.

Hapa ndipo uchambuzi unaanza, na mimi sikubaliani naye moja kwa moja.

Ni kweli kwamba uhariri unaweza kuigeuza filamu. Picha ya Bosambo akiongoza mtumbwi huku akiimba, ukiiweka baada ya picha ya wanakijiji wakisherehekea mavuno, ni kiongozi na watu wake. Iweke baada ya picha ya Sanders akiwa ofisini na ramani yake, ni mtumishi anayetekeleza amri. Mwigizaji hajabadilisha hata nyusi. Kila aliyewahi kukaa kando ya mhariri anajua hivyo, na kwa hiyo malalamiko ya Robeson yana msingi.

Lakini mkasi wa mhariri haukuuleta ukoloni ndani ya filamu hiyo. Ulikuwamo tangu mifupa. Hadithi za Wallace zilisomwa Uingereza tangu 1911, na jina la filamu lenyewe ni jina la kamishna. Bosambo anapata uchifu kwa idhini ya mzungu, anaokolewa na mzungu, anavikwa taji na mzungu. Hakuna namna ya kuhariri hadithi hiyo ikawa hadithi ya uhuru. Mtu aliyesoma sheria Columbia angeliona hilo katika muswada kwa saa moja. Nadhani alisoma ukurasa mmoja na kusikiliza kanda kumi. Zile rekodi za Zoltan zilimpumbaza, kwa kuwa ndizo zilikuwa kiu yake, na mtu mwenye kiu haulizi mtungi ni wa nani.

Kuna jambo baya zaidi, ambalo wengi wanaoieleza filamu hii wanalipita. Robeson aliigiza vizuri mno. Angemcheza Bosambo kama kikaragosi, watazamaji wenye akili wangemcheka na kuusahau utawala wa Sanders. Yeye alimpa Bosambo kimo chake, tabasamu lake, sauti ile. Matokeo yake ni kwamba mtu mwenye hadhi kubwa kuliko wote katika filamu ndiye anayemwinamia kamishna kwa hiari. Hakuna tangazo la ukoloni lenye nguvu kuliko hilo. Ustadi wake ndio ulioupa uongo sura ya kuaminika. Kwa hiyo ushauri tunaopenda kuwapa vijana, "ukipewa nafasi mbaya, icheze kwa heshima," mara nyingine ni ushauri wa hatari.

Je, alijifunza? Alijifunza kwa vitendo, na hapo ndipo kisa chake kinapata uzito.

Machi 1936 alipanda jukwaani Westminster Theatre, London, akamcheza Toussaint Louverture katika tamthilia ya C. L. R. James kuhusu mapinduzi ya Haiti. Maonyesho yalikuwa mawili tu, fedha hazikuwa nyingi, ila mtu mweusi pale hakusubiri idhini ya yeyote. Mwaka huohuo akafanya filamu ya *Song of Freedom*, akicheza kibarua wa bandarini London anayegundua kwamba ni mrithi wa ufalme wa kisiwa cha Afrika. Katika mkataba wake alitaka, na akapata, haki ya kuidhinisha filamu ya mwisho kabla haijatoka. Kwa mwigizaji yeyote wa wakati ule hilo lilikuwa jambo la nadra, achilia mbali mwigizaji mweusi. Sheria ya Columbia ilirudi kazini.

Je, filamu hiyo ni kazi bora? Kusema kweli, hapana. Afrika yake ni ya kubuniwa na nyimbo zimewekwa kila mahali. Lakini ni yake. Makosa yaliyomo ni makosa aliyoyaidhinisha mwenyewe.

Halafu, mwaka 1937, akacheza Umbopa katika *King Solomon's Mines*, Mwafrika mwenye hadhi anayesafiri na wazungu wanaotafuta almasi, ambao mwishowe wanamsaidia kuupata ufalme wake. Bosambo tena, kwa vazi jingine! Ninapofika hapa vijana huwa wanaguna. Mimi huwaacha wagune. Mtu haamki siku moja akawa ameshajifunza, na soko lilikuwa na nafasi hizo tu. Mwaka uleule alikwenda Misri kupiga picha za *Jericho*, na hiyo ndiyo mara yake ya kwanza kukanyaga ardhi ya Afrika, yaani baada ya kuwa tayari ameshawahi kuwa mfalme wake mara kadhaa kwenye sinema. Eslanda alimtangulia: mwaka 1936 alisafiri na mtoto wao hadi Afrika Kusini na Uganda, akaandika kitabu kuhusu safari hiyo. Mwaka 1958 alikuwa Accra kwenye mkutano wa watu wa Afrika yote, mkutano uleule aliohudhuria Lumumba.

Filamu iliyomridhisha Robeson zaidi ilikuwa *The Proud Valley*, ya 1940, kuhusu wachimbaji wa makaa ya mawe wa Wales. Anacheza mtu mweusi asiye na kazi anayepokewa na wachimbaji kwa sababu ya sauti yake kwanza, kisha kwa sababu ya bega lake. Mwaka 1942 alitokea katika *Tales of Manhattan* ya Hollywood. Filamu ilipotoka na wakulima wake weusi wanaodhani fedha zimeanguka kutoka mbinguni, Robeson aliikana hadharani, akasema yuko tayari kuungana na watakaoandamana kuipinga, na akaachana na Hollywood. Alikuwa na miaka 44, umaarufu ukiwa kileleni.

Alirudi mahali ambapo mkasi haufiki, jukwaani. Tarehe 19 Oktoba 1943 alifungua Othello Broadway, New York, mtu mweusi wa kwanza kuicheza nafasi hiyo pale kati ya waigizaji weupe. Tamthilia hiyo iliongozwa na Margaret Webster na ilioneshwa mara 296, idadi ambayo hakuna kazi ya Shakespeare iliyoifikia Broadway kabla ya hapo. Kwenye ziara iliyofuata alikataa kucheza katika ukumbi wowote uliowatenganisha watazamaji weusi na weupe. Ona mkono wa mwanasheria: safari hii sharti halikuhusu tu atakachosema mhusika, lilihusu nani anakaa wapi. Na ule wimbo uliompa jina, wa mto Mississippi katika *Show Boat*, aliubadilisha mwenyewe maneno alipouimba kwenye matamasha. Neno la kudhalilisha aliliondoa, na mahali pa uchovu akaweka mapambano. Mtunzi alilalamika. Robeson aliendelea.

Kwa mwigizaji wa jukwaa, hili ni jambo la kila siku. Huku kwetu Kongo kuna mfano wa Mufwankolo, mwigizaji wa Lubumbashi, ambaye kundi lake lilijenga jina katika redio na televisheni kwa michezo ya Kiswahili cha Katanga. Hawakuwa na maandishi: walianza na wazo, wakagawana wahusika, wakabishana, kila mwigizaji akajitungia maneno yake papo hapo. Mwaka 1986 kundi hilo lilitengeneza mchezo kuhusu mamlaka na namna yanavyoliwa, Mobutu akiwa madarakani, na mwanaanthropolojia Johannes Fabian akauandikia kitabu kilichotoka 1990. Katika kundi la namna hiyo swali la kijana wa Ndosho halizuki. Aliyesema neno ndiye aliyelitunga.

Nisiwadanganye kwamba jukwaa lilimwokoa Robeson. Kuna mikono mingine yenye mkasi mrefu zaidi. Kwa sababu ya siasa zake, urafiki wake na Urusi ya Kisovieti, na kelele zake dhidi ya ukoloni, serikali ya Marekani ilimnyang'anya pasipoti mwaka 1950. Mwaka uliotangulia, watu walioshambulia tamasha lake karibu na Peekskill walikuwa wamejeruhi wengi. Kumbi zikamfungia milango, mapato yakaporomoka. Mwaka 1952 aliimba juu ya lori pale mpakani pa Kanada, wasikilizaji wakiwa pande zote mbili za mpaka asioruhusiwa kuuvuka. Mwaka 1957 aliwaimbia wachimbaji wa Wales kwa simu, kupitia waya wa chini ya bahari ya Atlantiki. Pasipoti ilirudi 1958, baada ya Mahakama Kuu ya Marekani kuamua katika kesi ya mtu mwingine kwamba serikali haina mamlaka ya kumnyima raia pasipoti kwa sababu ya imani zake. Mwaka 1959 akacheza Othello tena, huko Stratford. Alifariki Philadelphia tarehe 23 Januari 1976.

Sasa turudi kwetu. Goma imeshawahi kulijibu swali hili kwa njia ambayo Robeson angeifurahia. Mwaka 2020 Mholanzi Joris Postema alitoa filamu iliyopigwa hapa mjini, *Stop Filming Us*, akijiuliza kama mzungu anaweza kuipiga Goma picha bila kurudia picha zilezile. Swali zuri, ila aliyeuliza na aliyekata ni yeye yule. Ndipo Bernadette Vivuya na Kagoma Ya Twahirwa wakatoa jibu lao mwaka 2022, *Stop Filming Us But Listen*, wakitumia picha za filamu ile ya kwanza na kuzipanga wanavyoona wao. Mitaa ileile, mkasi mwingine, maana nyingine. Sijui mfano bora wa kumwonesha kijana kwamba maana ya uso wake inakaa kwenye meza ya uhariri.

Lakini pingamizi huwa lipo, nalo ni zito. "Nikikataa, mwengine atachukua." Dola za siku moja ya kupiga picha zinalipa kodi ya nyumba, zinamrudisha mtoto shuleni. Nani ana uso wa kumwambia baba wa watoto wanne asimame kwenye msimamo? Hapa ndipo namrudia Kenyatta. Alivaa ngozi, akasimama pale alipoambiwa, akachukua fedha, akaenda kuandika kitabu. Hakuna anayempima Kenyatta kwa *Sanders of the River*. Wanampima kwa mengine, mengi, mazuri na mabaya. Robeson alipimwa kwa filamu hiyo, na bado anapimwa, kwa sababu jina lake lilikuwa juu ya tangazo na sauti yake ndiyo iliyoiuza.

Kwa hiyo msimamo wangu hauna usafi mwingi. Ukiitwa kuwa mmoja wa 50 wanaokimbia kwenye mawe ya lava, kimbia, upokee chako, urudi nyumbani, wala usikose usingizi. Ukiitwa kuwa uso, yule ambaye filamu itatangazwa kwa picha yake, hapo uko mahali pa Robeson na una deni la kuuliza kabla ya kutia saini. Omba muswada wote, si kurasa zako tu. Uliza kichwa cha filamu ni jina la nani. Uliza nani anaamua hatima ya mhusika wako, na kama ni daima mgeni, jua tayari filamu inasema nini, hata kama ngoma ni tamu. Omba kuiona kabla haijatoka. Wengi watakataa, na kukataa kwao ni habari pia. Wachache watakubali, nimeshaona wakikubali, hasa wale vijana wenye filamu ya kwanza wanaoogopa kuitwa wakoloni.

Kuna pengo moja ambalo kisa cha Robeson hakitufundishi, kwa kuwa yeye aliigiza kwa Kiingereza mbele ya watu wa Kiingereza. Sisi tunaigiza kwa Kiswahili cha hapa, na watakaotuona Amsterdam au Paris watatusoma kwa maandishi ya chini ya picha. Mama anasema jambo refu lenye kejeli, maneno matatu yanatokea chini: "Tunaomba msaada." Hajakatwa hata sekunde. Mkataba hautaji tafsiri, kwa hiyo hakuna aliyeuvunja. Siku hizi kijana akija na karatasi ya kutia saini, nikimaliza kuuliza nani anahariri, ninauliza nani anatafsiri na kama mtu huyo ameshawahi kufika Birere.